Ujumbe umefungwa, lakini mkutano unajulikana

Swali: Chama chetu cha upinzani hapa Kampala hupanga mikutano kwa WhatsApp, na tunaambiwa kuwa ujumbe wake hausomeki njiani. Vyombo vya usalama huwezaje basi kujua nani alihudhuria?

Jibu: Ndugu msomaji, usimbaji wa WhatsApp, yaani kugeuza ujumbe kuwa msimbo usiosomeka njiani, hulinda maneno mliyoandikiana, lakini haufichi mahali simu ilipo. Simu iliyowashwa hujitambulisha kwa mnara wa karibu hata kama mwenyewe hajapiga wala kutuma chochote, na kwa kuwa nchini Uganda laini husajiliwa kwa kitambulisho cha taifa, orodha ya laini zilizokuwa chini ya mnara fulani saa fulani ni orodha ya watu. Anayeipata hana haja ya kusoma ujumbe hata mmoja.

Mjini Kyiv, mji mkuu wa Ukraine, Januari 2014, watu waliokuwa karibu na maandamano walipokea ujumbe mfupi uliowaambia kuwa wamesajiliwa kama washiriki wa ghasia. Kampuni za simu zilikana kuutuma, jambo linaloelekeza kwenye mtambo unaojifanya mnara, ambao hunasa simu zilizo jirani bila msaada wa kampuni yoyote. Ujumbe ule haukumkamata mtu. Ulimjulisha tu kwamba anajulikana. Hapo ndipo ninapoona madhara makubwa zaidi, kwa sababu mwanaharakati mzoefu huenda akaendelea, lakini mwalimu wa serikali au mwenye duka anayetegemea leseni hujiondoa mapema, na kujiondoa kwake hakuonekani popote.

Kamera nazo zisisahauliwe: baada ya ghasia zilizofuata kukamatwa kwa mwanasiasa wa upinzani Bobi Wine Novemba 2020, polisi wa Uganda walikiri kutumia mfumo wa kutambua nyuso kuwasaka washukiwa.

Kwa mkutano halali mnaotaka ubaki faragha, acheni simu nyumbani. Kuzizima mlangoni hakutoshi, kwa kuwa simu nyingi zinazonyamaza kwa pamoja mahali pamoja huacha alama iliyo wazi. Punguzeni pia idadi ya watu katika kundi na wekeni ujumbe ujifute, maana simu moja ikitwaliwa ikiwa wazi, au ikiingiliwa na programu ya kijasusi kama Pegasus, mazungumzo ya wote husomwa kama mwenye simu anavyoyasoma.