Kabla hujatuma faili la siri

Mara ya kwanza kumtumia wakili wangu nyaraka za siri, niliamini nimekamilisha kila kitu. Nilizikusanya kwenye faili moja la zipu, yaani kifurushi kinachobeba mafaili mengi, nikaweka nywila, nikatuma kwa barua pepe. Jioni nikalijaribu kwenye kompyuta nyingine. Kabla hata sijaulizwa nywila, orodha yote ikajitandaza: deni_la_benki.pdf, majibu_ya_vipimo.pdf, talaka_rasimu_ya_pili.docx. Yaliyomo yalikuwa yamefungwa kweli, lakini majina peke yake yalishasimulia maisha yangu.

Zipu ya kawaida ndivyo ilivyo. Husimba yaliyomo, yaani huyageuza yasisomeke bila nywila, ila majina ya mafaili, ukubwa wake na tarehe zake huachwa wazi. Tangu siku hiyo natumia 7-Zip, programu ya bure, na nachagua muundo wa 7z. Unapoandika nywila, chini yake kuna kisanduku kidogo cha kusimba majina ya mafaili. Kiwekee alama. Bila hivyo, hata 7z huanika majina. Jina la kifurushi chenyewe pia lisiseme kitu.

Kama mwenzako lazima apate zipu, basi yape mafaili majina yasiyofichua kitu, na kwenye njia ya usimbaji chagua AES-256, njia imara ya kusimba. Usikubali ZipCrypto, njia ya zamani iliyo dhaifu, ambayo mara nyingi huja imeshachaguliwa. Mwaka 1994 wataalamu wa usimbaji Eli Biham na Paul Kocher walionyesha kwamba mtu anayejua sehemu ndogo tu ya yaliyomo anaweza kuivunja bila kujua nywila. Mafaili mengi huanza kwa herufi zilezile, kwa hiyo kukijua kipande si jambo gumu. Mwambie mpokeaji mapema kwamba huenda akahitaji programu kama 7-Zip, maana si kila kompyuta hufungua zipu ya AES yenyewe.

Kuhusu kubana, yaani kupunguza ukubwa wa mafaili, usitarajie miujiza kwenye picha za JPEG wala video za MP4; zimeshabanwa tayari. Maandishi na majedwali ndiyo hupungua sana, kwa sababu yana mengi yanayojirudia. Na kubana hutangulia kusimba. Ukishasimba, hakuna kinachojirudia tena cha kubana. 7-Zip hufuata mpangilio huo bila kuambiwa.

Sasa nywila, ambako ndiko nilikoharibu zaidi. Niliituma kwa barua pepe ya pili, dakika mbili baada ya ile ya kwanza, kwenye anwani ileile. Yeyote aliyeingia kwenye sanduku lile alikuwa na kufuli na ufunguo pamoja! Siku hizi faili likienda kwa barua pepe, nywila naisoma kwa simu, kwa namba ninayoijua tangu zamani, si ile iliyoandikwa ndani ya barua. Ndiyo maana napenda nywila ya maneno sita yaliyookotwa kwa bahati nasibu: ni rahisi kuyatamka, ni vigumu kuyakisia. Usitunge sentensi yako wala usichukue mstari wa wimbo. Bahati nasibu ndiyo inayoipa nguvu.

Nywila hiyo iandike mahali salama, kwenye programu ya kutunzia nywila ukiwa nayo. AES haina kitufe cha "nimesahau". Nakala yako ya asili usiifute mpaka mpokeaji athibitishe kwamba amefungua na anasoma.

Jambo ambalo wengi hatuliwazi ni kinachobaki upande wa pili. Mpokeaji akishatoa mafaili kwenye kifurushi, nakala zisizofungwa hukaa kwenye kompyuta yake, na nywila yako haizilindi tena. Miezi miwili baadaye nilimpigia wakili kumuuliza. Nyaraka zangu zote zilikuwa bado kwenye folda ya vipakuliwa, wazi kabisa. Alizihamishia kwenye diski yake iliyosimbwa, akazifuta pale tukiwa bado kwenye simu, akamalizia na pipa la taka la kompyuta.