Mchezaji asiye nyota akiishia kuwa skauti, ndiyo kafeli?

Mkuu, umeuliza kama mchezaji wa besiboli aliyehangaika miaka yote bila kuwa nyota, kisha akaishia kuwa skauti, yaani mtafuta vipaji wa timu, ndiyo kafeli maisha. Hata mimi nilidhani hivyo. Nimeuza soda na soseji misimu mitatu uwanjani Davenport, Iowa, pale kando ya mto Mississippi, na wale wazee maskauti wanaokaa nyuma ya mpiga gongo niliwaona kama wastaafu waliokosa pa kwenda.

Siku moja mmoja wao akanishikisha saa yake ya kuhesabia sekunde. Gongo likigusa mpira, bonyeza. Mguu wa mpigaji anayekimbia ukikanyaga kituo cha kwanza, bonyeza tena. Yeye na saa ya pili alipata 4.3, mimi 4.7, na mkimbiaji ni yuleyule! "Ulikuwa unafuata mpira," akaniambia. Kweli. Mpira ukipaa, uwanja mzima tunainua shingo. Mzee macho yako chini, kwenye miguu. Wenzake wana kifaa cha kupima kasi ya mpira, ndugu yake tochi ya trafiki wa kwetu. Yeye ana penseli. Kijana mmoja alidondosha mpira mwepesi, mzee akaandika jinsi alivyosimama kusubiri uliofuata. Kosa lenyewe hakuliandika. Mzee mwenyewe aliwahi kucheza nafasi ya kijana huyo, ligi za chini.

Sasa hapahapa Davenport alizaliwa Gene Baker, 1925. Alitokea Kansas City Monarchs, timu ya ligi za Weusi, zilizokuwepo kwa sababu ligi kuu iliwafungia weusi, kisha Chicago Cubs wa ligi kuu wakamchukua 1950, mweusi wa kwanza kusajiliwa nao. Wakamweka kwenye timu yao ndogo ya Los Angeles mpaka Septemba 1953, keshafika miaka 28. Alipopandishwa alikuwa ameumia, kwa hiyo mweusi mwenzake Ernie Banks, aliyeletwa wakati uleule, akamtangulia kucheza kwa siku tatu. Nafasi aliyoizoea, kati ya kituo cha pili na cha tatu, ikawa ya Banks. Baker akahamia kituo cha pili na mwaka 1955 akaitwa timu ya nyota wa ligi. Mwaka 1958, akiwa Pittsburgh Pirates, goti likamwangusha. Mechi zake zote ligi kuu ni 630.

Hapo ndipo nakupinga, mkuu. Mwaka 1961 Pirates walimpa timu yao ndogo ya Batavia, New York. Septemba 21, 1963, kocha mkuu wa Pirates, Danny Murtaugh, alipotolewa na mwamuzi, Baker ndiye aliyeiongoza timu mpaka mwisho wa mechi. Ila mweusi kuongoza rasmi timu ya ligi kuu kama kocha mkuu kulingoja hadi 1975, Frank Robinson. Baker alikuwa amesharudi Davenport, skauti wa Pirates kwa zaidi ya miaka 20. Jicho alikuwa nalo. Usukani ndio waliomnyima.

Mimi bado nauza soseji. Na yule mzee sasa tunapishana sekunde 0.1 tu.