Kabla ya swali la kwanza: namna ya kuingia kwenye chemshabongo za darasani mtandaoni

Kuna mwanafunzi wangu mmoja aliyekaa karibu robo saa akiwa ameinamia simu huku wenzake wakishangilia kila jibu, nami mbele ya darasa nikiamini anacheza. Mchezo ulipokwisha nikapita katikati ya madawati na kukiona kioo chake. Tarakimu 7 za namba ya mchezo alikuwa ameziandika kwenye kisanduku cha kutafutia, na chini yake yamejipanga matokeo ya ajabu: namba za vipuri vya mashine, namba za simu za watu asiowajua, tovuti za mauzo. Hakukosea hata tarakimu moja. Aliziandika mahali pasipo pake, basi. Na hakuuliza, maana aliona majina ya wenzake yakijitokeza ukutani, pale projekta inapomulika, moja baada ya jingine, akaona haya kuwa ndiye peke yake aliyebaki nje.

Siku ile iliniuma, na hata sasa nikiikumbuka inaniuma. Nilikuwa nimetayarisha maswali kwa saa mbili, nikapanga picha, nikapima muda wa kila swali, lakini mlango wa kuingilia sikuuwazia kabisa. Nilisema tu "ingieni jamani" na kubonyeza kitufe cha kuanza. Kwa hiyo nayaandika haya kwa mwanafunzi anayetaka kuingia bila kuhangaika, kwa mzazi aliyeketi pembeni na mtoto, na kwa mwalimu mwenzangu anayedhani kila mtu anajua.

Anwani kwanza, namba baadaye

Karibu michezo yote hii huingiwa kwa hatua tatu: anwani, namba, jina. Mpangilio huo hauvunjwi. Anwani unaiandika kwenye ule mstari mrefu ulio juu ya kivinjari, yaani programu unayofungulia tovuti (kwenye baadhi ya simu uko chini). Shida ni kwamba mstari huohuo ndio unaotumika kutafutia. Ukiandika anwani kamili unapelekwa kwenye tovuti. Ukiandika namba tupu unaletewa matokeo ya utafutaji, kama ilivyomtokea yule kijana. Namba haiandikwi mpaka uone ukurasa wenye kisanduku kinachoiomba.

Kila mchezo una mlango wake, na mlango wa mwanafunzi mara nyingi si ule wa mwalimu. Kahoot, iliyoanzia Norwe na kutolewa kwa umma mwaka 2013, ndiyo inayowachanganya wengi. Mwalimu huanzia kahoot.com kutengeneza maswali, ila mwanafunzi huingilia kahoot.it. Anayefungua ile ya kwanza hukutana na ukurasa wa kumtaka ajisajili, achague yeye ni nani, afungue akaunti, na wenzake wakiwa swali la tatu yeye bado anajaza fomu. Blooket huingiliwa play.blooket.com, Gimkit gimkit.com/join, Quizlet Live quizlet.live, na Mentimeter, ambayo walimu wa vyuo wanaipenda, menti.com. Quizizz tuliizoea kwa joinmyquiz.com, lakini mwaka 2025 ilibadilishwa jina na sasa inaitwa Wayground. Nimeshawaona wanafunzi wakifunga ukurasa wakidhani wamepotea kwa sababu tu jina walilolitarajia halikuonekana. Hamjapotea, ni palepale.

Kama mwalimu ametuma kiungo, kigonge hichohicho. Mara nyingi namba huwa imo ndani yake na utaombwa jina tu. Akionyesha msimbo wa QR ukutani, fungua kamera ya simu, uelekeze, usubiri maandishi yatokee kisha uyaguse. Walio nyuma ya darasa wasione haya kusogea mbele, maana kamera ikiwa mbali au projekta ikiwa hafifu haitasoma kitu.

Huhitaji kupakua programu yoyote. Simu iliyojaa, ambayo haina nafasi hata ya picha moja, inaingia vizuri tu kupitia kivinjari. Nalisisitiza hili kwa sababu wapo wanafunzi waliokata tamaa mapema wakidhani simu zao hazifai.

Namba ya mchezo haidumu

Namba unayopewa kwa kawaida hutengenezwa mchezo unapofunguliwa, na mchezo ukifungwa namba nayo imekufa. Ndiyo maana picha ya jana uliyoihifadhi kwenye simu haikusaidii leo, hata kama maswali ni yaleyale. Ukiambiwa namba haitambuliki, kabla hujairudia mara kumi, jiulize mambo mawili: je, hii ni ya leo? Na je, niko kwenye mlango wa mchezo huu au wa mwingine? Namba ya Blooket haifungui Kahoot. Mentimeter kwa kawaida hutumia tarakimu 8, kwa hiyo ukiwa nazo 6 mkononi, ama umezikata ama uko mahali pengine kabisa. Zisome mbili mbili au tatu tatu, maana namba ndefu inayosomwa kwa mkupuo lazima tarakimu moja iteleze.

Mara nyingine kwenye Kahoot, baada ya jina, utaona maumbo manne ya rangi na utatakiwa uyaguse kwa mpangilio ulioko kwenye kioo cha mwalimu. Huo ni ulinzi wa ziada ili asiingie mtu aliyepewa namba na rafiki akiwa nje ya darasa. Mpangilio hubadilika kila baada ya sekunde chache, kwa hiyo ukikosea hujaharibu kitu. Tazama juu, anza tena.

Jina

Hapa nina msimamo ambao wanafunzi hawaupendi mwanzoni. Nataka jina la kwanza na herufi moja ya ukoo. Sitaki majina mawili kamili, kwa sababu majina yanaonekana ukutani, watu hupiga picha, na picha hizo husambaa. Sitaki pia majina ya kubuni ya kuchekesha, kwa sababu baada ya mchezo mwalimu hupata ripoti ya nani alijibu nini, na ripoti iliyojaa "Simba Mkali" na "Mfalme" hainiambii ni nani hakuelewa sehemu. Ripoti hiyo kwangu ina thamani kuliko mshindi wa siku. Ndiyo inayonionyesha kwamba nusu ya darasa wamechagua jibu lilelile lisilo sahihi, na kwamba kesho nina kazi ya kufanya.

Jina likiwa la matusi mwalimu anaweza kulitoa kwa kuligusa tu, na mwenye jina hutolewa papo hapo. Ukitolewa kwa sababu hiyo, rudi na jina lako.

Hakuna mlango wa mwanafunzi unaohitaji nywila ya barua pepe yako, namba ya simu au malipo ili ucheze. Ukurasa ukikuomba hivyo, ufunge na umwite mwalimu au mzazi. Wapo walimu wanaotaka wanafunzi waingie kwa akaunti za shule ili alama zihifadhiwe. Hilo ni sawa, ila mwalimu mwenyewe ndiye atakayewaambia, haliji ghafla kutoka kwenye ukurasa usioujua.

"Simu yangu haionyeshi swali"

Sentensi hii nimeisikia kila nilipoanza na darasa jipya. Kwenye Kahoot, kwa kawaida swali na majibu yake viko kwenye kioo kikubwa cha mwalimu, na simu ya mwanafunzi huonyesha vitufe vinne tu: pembetatu nyekundu, almasi ya bluu, duara la njano na mraba wa kijani. Simu haijaharibika. Unasoma ukutani, unatafuta umbo la jibu lako, unaligusa kwenye simu. Macho yanakwenda juu na kurudi chini, na asiyeelezwa hubonyeza rangi yoyote kwa kubahatisha.

Anayesoma kutoka nyumbani ana mtihani mkubwa zaidi. Simu ni moja, na ndiyo hiyohiyo yenye kipindi cha video. Akienda kwenye video asome swali, anauacha mchezo. Akirudi kwenye mchezo, swali limemtoka. Simu nyingi huruhusu kugawa kioo mara mbili, video juu na mchezo chini, ingawa kwenye kioo kidogo maandishi huwa madogo sana. Dawa ya kweli iko kwa mwalimu: katika mipangilio ya Kahoot kuna sehemu ya kuruhusu maswali na majibu yaonekane kwenye vifaa vya wachezaji. Iwashe. Mwanafunzi, kama mwalimu hajaiwasha, mwombe kwa heshima kabla hajaanza. Mimi mwenyewe niliijua kwa sababu mwanafunzi aliniomba.

Wayground (ile Quizizz ya zamani), Blooket na Gimkit swali hulileta moja kwa moja kwenye kioo cha kila mtu, na mwanafunzi anaweza kwenda kwa mwendo wake. Kwa darasa la mbali lenye mtandao wa kusuasua nazichagua hizi bila kufikiri mara mbili. Quizlet Live ina ladha yake ya pekee: wanafunzi hugawiwa vikundi, na jibu sahihi lipo kwenye kioo cha mwanakikundi mmoja tu. Kwa hiyo usiguse jibu eti kwa kuwa ndilo lililoko kwako. Ulizaneni kwanza, kwa sababu kosa moja katika mchezo wa kawaida hurudisha alama za kikundi chote sifuri.

Mtandao ukikata

Ukikatika katikati ya mchezo, usifunge ukurasa. Subiri kidogo, mara nyingi hujiunganisha wenyewe. Ukigoma, ufungue upya kwenye kivinjari kilekile na kifaa kilekile, maana humo ndimo kumbukumbu zako zilimo. Ukihamia simu nyingine au kivinjari kingine, huenda ukahesabiwa mgeni, na jina lako la mwanzo likakataliwa kwa kuwa bado liko mchezoni. Mwambie mwalimu, usipigane na simu kimyakimya.

Kinachokula bando si maswali, ni video. Zima kamera yako wakati wa mchezo, na ufunge kurasa nyingine zilizobaki wazi tangu juzi. Darasani, wanafunzi wote wakivamia Wi-Fi moja kwa sekunde moja, itapumua kwa shida. Mimi huwaingiza safu moja baada ya nyingine, na kila safu ikithibitisha kuona majina yao ukutani ndipo inayofuata huanza.

Wasio na simu wasigeuzwe watazamaji. Kahoot ina mchezo wa vikundi, ambapo kifaa kimoja huwakilisha watu kadhaa. Nimegundua kwamba mjadala wa kunong'onezana juu ya simu moja hufundisha kuliko kila mtu na yake, na siku hizi nachagua vikundi hata pale simu zinapotosha.

Haraka isikupotoshe

Wengi huamini kwamba anayebonyeza wa kwanza ndiye mwenye kila kitu. Katika swali la kawaida la Kahoot, jibu sahihi lina alama zisizozidi 1,000, na hushuka kadiri muda unavyokwenda mpaka karibu nusu yake. Yaani swali likiwa na sekunde 20 nawe ukajibu sahihi katika sekunde ya 10, unapata kama 750. Ukijibu sahihi sekunde ya mwisho kabisa bado una karibu 500. Aliyekurupuka akakosa anapata sifuri. Nilipowaandikia wanafunzi hesabu hiyo ubaoni niliona mabega yakishuka. Walioogopa mbio wakaanza kusoma swali mpaka mwisho. Mwalimu naye ana la kufanya: muda wa swali unaweza kuwekwa kuanzia sekunde 5 hadi dakika 4. Swali lenye maelezo marefu au hesabu halistahili sekunde 20.

Kwako wewe mwalimu, mambo matatu zaidi. Anza na swali moja la majaribio lisilo na uzito, la rangi uipendayo au siku ya leo, ili kila mtu abonyeze mara moja kabla ya alama kuhesabiwa. Hesabu majina ukutani, ulinganishe na vichwa darasani; tofauti ikiwa ya mtu mmoja, mtafute huyo mmoja. Na namba ya mchezo usiibandike kwenye kundi la wazi la mtandaoni, kwa sababu wageni wataingia na majina ya aibu. Wote wakishaingia, gusa alama ya kufuli ili asiongezeke mtu. Aliyekosa kipindi mtumie kazi hiyohiyo kwa kiungo chenye tarehe ya mwisho, aifanye peke yake jioni.

Yule kijana wa tarakimu saba, kipindi kilichofuata nilimwomba asimame awasomee wenzake anwani, herufi kwa herufi, nukta kwa nukta, kisha apite kila dawati aangalie vioo. Namba sikuiandika ubaoni mpaka aliponiambia kwamba wote wanakiona kisanduku.