Moshi unarudi sebuleni, fundi kasema nitumie mkaa

SWALI: Habari za kazi fundi. Nipo Ngaramtoni, nyumba ya kawaida isiyo ghorofa. Mwaka jana nilijengewa fayaplesi sebuleni, mdomo wake upana mita 1 na kimo sentimita 80, juu tukapitisha bomba la chuma la inchi 6. Nikiwasha kuni moshi wote unarudi ndani. Aliyejenga anasema niache kuni nitumie mkaa kwa kuwa hauna moshi, na bomba aliwekee bati juu baridi isishuke usiku. Nimkubalie?

JIBU: Usimkubalie dada yangu, na kama bati kashaliweka apande alitoe kabla hujawasha chochote.

Moshi wako ni hesabu tu. Njia ya moshi inatakiwa isipungue sehemu moja ya kumi ya mdomo wa fayaplesi, sasa mdomo wako ni 100 mara 80, yaani sentimita za mraba 8,000, kwa hiyo unahitaji njia ya 800 hivi, na bomba la inchi 6 lina kama 180 tu, hata robo haifiki, moshi utapitaje hapo? Ama ujenge dohani ya tofali yenye nafasi ya ndani kama 30 kwa 30, ama uache bomba hilohilo uingize jiko la chuma la kuni lenye mlango wa kioo, mengi yanatumia bomba la inchi 6 na kuni zinaliwa kidogo kuliko moto wa wazi. Juu ya paa bomba litokeze angalau sentimita 90, na lizidi kwa 60 kitu chochote kilicho ndani ya mita 3, kama kofia ya paa hivi, ule mgongo wa juu kabisa. Na angalia linapokatiza kenchi, bomba tupu la chuma lisisogelee mbao.

Hayo yanarekebishika. Kinachonikera ni huo ushauri wa mkaa, maana kila ikifika Juni baridi ya Meru na Kilimanjaro ikianza nausikia, Ngaramtoni, Kibosho, Machame, kote, na wanaousema ni mafundi wanaolipwa hela za watu! Mkaa hauna moshi, sawa, lakini nani kakwambia sumu ni moshi? Inayoua ni kaboni monoksaidi, haina rangi, haina harufu, haikuwashi macho, na mkaa unaitoa kwa wingi. Kuni angalau zinakufukuza, unakohoa unafungua dirisha. Mkaa unakubembeleza ulale. Hiyo hewa inashika damu kwa nguvu mara 200 na zaidi kuliko oksijeni, ukiivuta damu inaacha kubeba oksijeni wakati we unaona chumba kina joto zuri tu. Afu fundi anataka uwashe hicho kitu chini ya bomba alilolifunika, hiyo si fayaplesi tena, ni jiko la mkaa ndani ya chumba kilichofungwa.

Na wanaolibeba jiko mpaka chumbani kwa watoto wana maneno yao. Eti usubiri mkaa ukolee wote uwe mwekundu ndo uingize, wapi, mkaa mwekundu unaendelea kuitoa mpaka unakuwa majivu. Eti weka beseni la maji pembeni, maji hayainyonyi hiyo hewa, yatapata uvuguvugu basi. Eti chini ya mlango kuna upenyo, huo upenyo si tundu la hewa, na usiku wa baridi wengi wanauziba na tambara kabisa. Mtu akiamka kichwa kinagonga, kizunguzungu, kichefuchefu, miguu haina nguvu, anasema malaria, anameza dawa anarudi kulala palepale. Mkiumwa kichwa watu wawili watatu wa nyumba moja asubuhi moja, na jiko lilikuwa ndani, tokeni nje kwanza, halafu hospitali wakawape oksijeni, na daktari mumwambie kabisa kwamba mlilala na mkaa, la sivyo atahangaika na vipimo vingine.

Kwa wiki hizi ambazo hujabomoa, usiwashe kabisa. Blanketi la pili na chupa ya maji ya moto miguuni vinatosha, bomba liache wazi, na hela ya bati nunulia kengele ya kaboni monoksaidi, utaihitaji hata fayaplesi ikishakaa sawa.