Bundi wa gramu 50 aliyenipa jina la Senegal

Juzi msomaji mmoja wa Malindi kaniandikia: "Kaka, nyuma ya nyumba kuna kabundi usiku. Kanalia prrp, kananyamaza, halafu prrp tena. Ndiye yule wa Sokoke?" Alimaanisha kabundi adimu wa msitu wa Arabuko-Sokoke, hapa pwani ya Kenya. Nilicheka, kisha kicheko kikanikauka.

Nilikuwa najifunza kuongoza wageni pale Arabuko-Sokoke, mjuaji kweli kweli. Jioni moja, kwenye miti ya mirihi, ile sehemu ya mchanga mweupe, nikasikia prrp. Nikawasimamisha wageni, nikawamulikia kabundi ka kijivu kama gome la mti, masikio juu. Nikatangaza: huyu haonekani kwingine ila hapa na chini ya milima ya Usambara Mashariki, Tanzania! Wageni wakapiga picha. Mzee aliyekuwa akinifundisha akasubiri wamalize, akasema mbele yao: "Mwanangu, huyo yuko mpaka Senegal." Miaka imepita, wenzangu bado wananiita Senegal.

Kwa hiyo sikilizeni. Sauti kwanza, macho baadaye. Kabundi wa kawaida, yule wa mpaka Senegal, hutoa mlio mmoja mfupi, anatulia sekunde 5 hadi 8, anarudia. Wa Sokoke hufululiza: tuu-tuu-tuu-tuu, mara 5 hadi 9, kwa mwendo ule ule, hata utadhani ni kitororo, yule ndege mdogo wa mchana, aliyesahau kulala. Rangi isikudanganye. Wa Sokoke wapo wa kijivu, wa kahawia na wekundu kama kutu, msitu ule ule.

Halafu tazama unakanyaga nini. Wa Sokoke ni wa miti ya mifunda kwenye udongo mwekundu, vichaka vilivyoshonana. Mchana hulala hapo chini chini, mara nyingi wawili wamebanana bega kwa bega. Mimi nilikuwa nimesimama kwenye mchanga mweupe na bado nikabisha!

Na nyinyi mnaomchezea rekodi kwenye simu mara ishirini ili ajibu, acheni. Anadhani kavamiwa, anaacha kuwinda. Wanaomrushia mawe eti bundi ni uchuro, nao waache. Sauti kwanza, narudia, simama kimya uhesabu.

Basi, mdogo wangu wa Malindi, wa kwako ni wa kawaida. Muite Senegal, tutakuwa wawili.