Mtu mmoja, nyumba moja: maswali yenu kuhusu Meshes of the Afternoon

Hii filamu ya Maya Deren na mumewe Alexander Hammid ni ya 1943, dakika kama 14 tu, na maswali yamekuja mengi, nimechukua manne.

*Mbona haina stori? Nimecheki mpaka mwisho sijaelewa.*

Stori ipo ila inazunguka. Mwanamke anaingia ndani, anasinzia kwenye kiti, halafu yaleyale yanarudi: ufunguo, kisu, ua, yule mtu wa nguo nyeusi mwenye kioo badala ya uso, na kila yakirudi kuna kitu kimehama. Ndo akili ya mtu aliye peke yake ilivyo, unarudia jambo dogo mpaka linaanza kukutisha. Usihangaike na kisu kinamaanisha nini, angalia mwanzo kilikuwa wapi na sasa kiko wapi.

*Wale wanawake watatu mezani waliwekaje na kompyuta hamna?*

Wote ni Deren mwenyewe, kipande kilekile cha mkanda kinapigwa zaidi ya mara moja. Wewe ukitaka kufanya hivyo kwa simu, weka stendi, funga fokasi na mwanga, kaa kiti hiki kisha kile, uunganishe kwenye programu. Ila mimi kinachonimaliza ni pale anapoinuka na kisu, hatua moja mchangani, nyingine kwenye nyasi, nyingine sementi, nyingine zulia, yaani umbali wa meza tu umekuwa safari ndefu kupita kiasi, na hapo ni kuunganisha shoti za miguu basi! Ukiwa na viatu na subira unaiweza hata wewe.

*Kwenye filamu yangu niweke sauti ya mhusika akisema anachowaza?*

Hapana. Hii ya Deren ilitoka kimya kabisa, muziki wa Teiji Ito uliongezwa 1959. Yako ikieleweka bila sauti, basi ongeza unachotaka.

*Filamu yangu ina dada anatazama dirishani dakika nzima, watu wanasema inaboa.*

Nawaelewa, maana tunamuona akitazama ila hatujui anaona nini. Deren naye anatazama dirishani, lakini huko nje anajiona yeye mwenyewe akimkimbilia yule mtu wa kioo na hamfikii, kwa hiyo dirisha limetuingiza kichwani mwake. Mpe huyo dada kitu cha kuona ambacho hakiwezi kuwepo, hata kidogo, mfano kikombe chake kiko nje kwenye ukuta, na hiyo dakika ikate ibaki sekunde 15.