Dakika 49 Alizozikataa Mjomba

Mhariri, wiki hii mmetuuliza toleo lipi la filamu ndilo la kweli: lile lililoonyeshwa kwenye majumba ya sinema, au lile refu ambalo halikukatwa. Nilikuwa na jibu hata kabla sijamaliza kulisoma swali. Refu ndilo la kweli. Ingmar Bergman alipotengeneza Fanny och Alexander, toleo la televisheni lilikuwa na dakika 312. Lililopelekwa kwenye majumba ya sinema mwaka 1982 lilikuwa na dakika 188, na hilo ndilo lililochukua tuzo nne za Oscar. Saa mbili nzima za kazi ya mtu zikaachwa nje. Riwaya hatuing'oi kurasa kwa sababu wasomaji wana haraka.

Lakini nilipoanza kuandika, swali lenyewe lilinigeukia, nikajikuta nataka kujua ni nani aliyeshika mkasi, na alikuwa akimkatia nani. Hapo nikamkumbuka marehemu mjomba wangu, aliyeendesha mashine katika jumba moja la sinema pale Tanga kwa miaka 19.

Filamu aliyoipenda kuliko zote ni Nuovo Cinema Paradiso ya Giuseppe Tornatore. Ilipotoka Italia mwaka 1988 ilikuwa na dakika 155 na watu hawakuijali. Ikapunguzwa hadi 124, na hiyo ndiyo iliyotunukiwa kwenye tamasha la Cannes mwaka 1989, kisha Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Mjomba aliiona hiyo fupi mara nyingi, na Alfredo, yule mzee mwendesha mashine wa Sicily anayelazimishwa na padri kuondoa kila busu kwenye mkanda, alimhesabu kama mtu wa ukoo wetu.

Mwaka 2009 nilimletea toleo la dakika 173, lililotolewa mwaka 2002. Tafsiri ya maandishi ilikuwa ya Kiingereza, kwa hiyo nilikaa kando ya kiti chake nikimtafsiria kwa sauti ya chini. Yeye, kwa mazoea, macho yake yalikuwa pembe ya juu kulia ya picha, akiitafuta ile alama ya duara inayomwambia mwendesha mashine kwamba mkanda unakwisha, awashe mashine ya pili. Kila ilipopita muda wa mkanda mmoja, mkono wake wa kulia uliondoka pajani kidogo, ukarudi.

Katika toleo fupi, Elena, msichana anayependwa na Salvatore, kijana aliyekulia kando ya Alfredo, anapotea na hatuambiwi kwa nini. Katika refu, Salvatore anakutana naye wakiwa watu wazima, na anagundua kwamba msichana yule alikuja mpaka chumba cha mashine, kwamba Alfredo ndiye aliyemshauri amwache kijana aende zake, na kwamba ujumbe ambao msichana aliuacha pale haukusomwa kwa miaka 30. Nilikuwa katikati ya kulitafsiri jambo hilo umeme ulipokatika.

Mjomba alinyamaza kwa muda mrefu. Kisha akasema, "Mwanangu, mzee yule nimemjua miaka yote hii. Leo ndiyo nianze kumchukia?"

Nilimjibu, kwa ukali ambao leo unaniuma, kwamba huo ndio ukweli kama mwongozaji alivyouandika. Hakubishana nami. Aliushika mkono wangu gizani akanionyesha kwa vidole jinsi walivyounga mkanda uliokatika: unakata picha zilizoungua, unakwangua ukingo kwa wembe, unapaka gundi, unabana. Mikanda ilifika Tanga ikiwa imekwisha kuzunguka miji mingine, na kila ulipokatika picha kadhaa zilibaki sakafuni. "Hakuna aliyeiona nzima hapa," alisema, "na watu walilia palepale pa kulilia." Umeme uliporudi aliniomba niruke hadi mwisho, pale yale mabusu yaliyoondolewa yanapoonyeshwa yakiwa yameungwa pamoja.

Kwa miaka mingi nilimhesabu Mjomba kuwa amekosea. Leo sina hakika hiyo. Andrei Tarkovsky, ambaye wakubwa wa Kisovieti walimsumbua kwa miaka juu ya Andrei Rublev, aliipunguza filamu hiyo kutoka dakika 205 kwa karibu dakika 20, na baadaye alisema fupi ndiyo anayoipenda. Mkasi ulioshikwa na mwenye kazi haulingani na ule wa bodi ya ukaguzi, wala wa mfanyabiashara anayetaka kuuza tiketi za maonyesho mawili kwa jioni moja.

Kwa hiyo binti yangu akija likizo nitamwekea Paradiso ya dakika 124, kinyume na nilivyoanza barua hii. Nasema hivyo kwa sharti kwamba ile ndefu ipo mezani, aichukue atakapotaka kujua Elena alikwenda wapi. Kama isingekuwapo mahali popote, ningeidai kwa nguvu zangu zote. Na kwa Bergman sijarudi nyuma hata hatua moja: dakika 312, hata kama tutaimaliza kwa siku mbili.